Prezida wa Mpira wa Fimbo

Sisi wa Baraka, mji wa kando ya ziwa huko Kongo, tulimwita Prezida, na mimi nitamwita hivyo hivyo, ingawa kila nikilitamka jina hilo mate yananiwia machungu mdomoni. Alizaliwa wapi, baba yake alikuwa nani, hayo waulizeni wanaompenda. Mimi ninayajua mambo aliyoyafanya nikiwa nimesimama karibu, na hayo yananitosha.

Kazi yake ilikuwa ualimu katika shule ya misheni ya Waprotestanti. Uprezida alijipa mwenyewe. Mwanzoni mwa miaka ile ya hamsini alikuja kwetu mmisionari mmoja Mwamerika pamoja na mkewe na kasha la vitu vya kuchezea: mipira midogo migumu ya wavulana, mpira mkubwa wa wasichana, fimbo mbili nene, glavu nne, na kitabu cha sheria. Walikaa misimu miwili ya mvua, homa ikawarudisha kwao, kasha likabaki. Watu wengine waliona mipira. Prezida aliona kitabu. Kiingereza alikuwa nacho kidogo, cha kuokoteza kwa yule mmisionari, lakini ukurasa wa kwanza aliuelewa, au alisema ameuelewa: kwamba mchezo huu katika kila nchi unasimamiwa na shirika moja la taifa, lenye rais na mwandishi na mhuri. Akafunga kitabu, akatutazama sisi wanafunzi tuliokaa chini mbele yake.

"Basi, tangu leo mi njo prezida," akasema.

Hakuna aliyepinga. Tungepinga nini, na hata hatukujua mtu akishapiga mpira anakimbilia wapi?

Shirika lake aliliita Federasio ya Besiboli na Softiboli ya Kongo. Kongo nzima, tafadhali. Kwa kadiri tulivyojua, wachezaji wote wa Kongo walikuwa Baraka na Nundu, na wachache wa Ubwari waliovuka kwa mtumbwi siku ziwa likiwa limelala. Lakini usingethubutu kumwambia kwamba federasio yake ni vijiji viwili na nusu. Alikuwa mwembamba, shati limefungwa vifungo mpaka kooni hata jua likiwa la utosi, na alikuwa na namna ya kukutazama juu ya miwani mpaka unasahau ulichotaka kusema. Sisi watoto tulisema Prezida hata akilala hunyoosha miguu kwa rula.

Fimbo za Mwamerika zilipovunjika alimwagiza fundi wa makasia kule Ubwari. Fimbo ya kwanza ikaja bapa, kama fundi alivyozoea. Prezida akafungua kitabu, akamwonyesha picha.

"Mwalimu," fundi akasema, "hii inapiga maji muzuri sana. Itashindwa kupiga kamupira?"

"Sheria inasema iwe ya mviringo."

"Sheria ya nani?"

"Ya federasio."

"Federasio njo nani?"

"Njo mi."

Yule mzee akarudi Ubwari na fimbo yake, akaja na nyingine, ikarudishwa, akaja na nyingine tena. Alikuwa anavuka ziwa kila mara. Ya nne ndiyo ilikubaliwa, na kusema kweli ilikuwa nzuri kuliko zile za Mwamerika. Glavu alizishona mwenyewe kwa ngozi za ng'ombe zilizoshuka na watu wa Bibokoboko, wale wafugaji wa milimani. Vijana wao walikuja na ngozi na siagi, wakasimama kutazama, na msimu uliofuata walikuwa wanacheza. Prezida aliwaandika majina bila kuwauliza ni wa kabila gani, jambo ambalo ofisi yoyote ya wakati ule ingeliuliza kwanza. Namchukia, lakini hilo sitamnyima.

Wala sitamnyima hili la pili. Mimi nilikulia katika mashamba ya mpunga. Tangu nilipoweza kusimama nilikuwa nafukuza ndege, kuanzia kunapopambazuka mpaka wanapokwenda kulala, kwa udongo, kwa mawe, kwa chochote. Wasichana wote wa kwetu ndivyo walivyokua. Wavulana walikuwa na miguu ya mpira wa kawaida, lakini mikono yao ilikuwa ya kushikia tonge. Prezida ndiye wa kwanza kuliona hilo. Siku moja alipita kando ya shamba letu, akaniona namwangusha ndege aliyekuwa anaruka, akasimama njiani na baiskeli yake. Kesho yake alinipa ule mpira mkubwa, akanifundisha kuurusha kutoka chini ya kiuno, mkono ukizunguka kama wa mtu anayetupa ndoo kisimani. Aliniweka nirushe mpaka jua likazama, akasema neno moja tu, "Tena," na "Tena," na "Tena." Nilirudi nyumbani bega linawaka na moyo umenijaa furaha ambayo sijaipata tena mpaka leo.

Mchungaji wa misheni alipokuja kulalamika kwamba wasichana wanakimbia na magoti yanaonekana, Prezida alimjibu mbele yetu sote.

"Pastere, muntu anatuma binti yake kukimbia ku shamba, kufukuza ndege, siku muzima, hakuna anayesema kitu. Akikimbia na furaha, njo inageuka zambi?"

Mchungaji akaondoka. Sisi tukacheza. Nilimpenda mtu yule siku ile kuliko baba yangu aliyekufa, na ndiyo maana uchungu wangu una mizizi.

Sasa niwaambie ugonjwa wake, kwa maana alikuwa na ugonjwa. Alikuwa anaamini karatasi kuliko kitu alichokiona kwa macho. Tuliwahi kuwashinda wasichana wa Nundu nyumbani kwao, nimerusha mimi tangu mwanzo hadi mwisho, mvua inatupiga, mama zetu wanapiga vigelegele na kucheza hadi katikati ya uwanja. Prezida akaingia katikati, akanyoosha mkono tunyamaze, akatangaza kwamba mchezo hauhesabiki. Kwa nini? Kwa sababu federasio haijapata ruhusa ya serikali, na mchezo usiosimamiwa na federasio yenye ruhusa haukutokea.

"Umetokea, Mwalimu," nikamwambia, nimelowa chapachapa. "Niangalie."

"Muchezo bila federasio ni batoto banatupiana mawe," akajibu.

Huo ndio ulikuwa msemo wake, na aliusema kama wengine wanavyosema amina. Wakati ule wa Wabelgiji mtu mweusi hakuweza kuunda chama, hata cha kuzikana, bila ruhusa ya ofisi ya teritwari kule Fizi, mlimani. Kwa hiyo kila mchezo alioukataa aliuandikia ripoti, nakala tatu, Kifaransa, na kuipandisha Fizi kwa baiskeli, nusu ya njia akiisukuma. Hakujibiwa hata mara moja. Angekuwa mwingine angeacha. Yeye aliporudi alikuwa anaanza ripoti nyingine.

Na alitaka kadi. Hapo ndipo alipoanza kuoza. Serikali ilikuwa inatoa kadi kwa watu weusi iliowaona wamestaarabika, nao wenye kadi waliingia ofisini kwa mlango wa mbele. Kabla ya kuipata walikuja wakaguzi nyumbani, wakatazama kama unalala kitandani, kama mkeo anakaa mezani na wewe, kama unakula kwa uma. Mama Prezida, mkewe, mwanamke mpole mwenye kicheko cha tumboni, alituhadithia mwenyewe kisimani. Waliposikia wakaguzi wanakuja, Prezida aliweka uma mezani, akakaa na mkewe mbele ya bugali na sombe ya majani ya muhogo, wakaanza kuchoma tonge kwa uma na tonge linaanguka. Wakaguzi walipoondoka Mama Prezida alinawa, akala kwa mkono. Yeye Prezida aliendelea na uma mpaka chakula kikapoa. "Bwana yangu anaogopa hata sahani," mama yule alisema, na tukacheka wote mpaka tukamwaga maji. Ningejua hofu ile itatufikisha wapi nisingecheka.

Lakini mtu huyohuyo alimbeba mgongoni kijana wa Nundu aliyevunjika mguu akikimbilia kituo cha tatu cha uwanja, akambeba hadi zahanati, mwendo wa nusu siku, shati lake jeupe limejaa matope. Alikuwa mwoga wa karatasi tu. Mambo mengine yote hakuyaogopa.

Nina kaka yangu mkubwa, yaya wangu kama tunavyosema kwetu, Wilondja. Katika timu ya wavulana yeye ndiye aliyekuwa mdakaji, anachuchumaa nyuma ya mpigaji na kudaka mpira unaorushwa. Mdakaji ndiye anayemwambia mrushaji arushe namna gani, na kwa kuwa hawezi kupiga kelele mpigaji akasikia, anasema kwa vidole, amevificha kati ya mapaja: kimoja, mpira wa kasi, viwili, wa kupinda, ngumi, wa nje. Alama zile zilikuwa katika kitabu. Prezida alikuja kumfundisha Wilondja nyumbani kwetu, uani, jioni kadhaa mfululizo, mama anachambua mchele kando yao. Mimi nilikuwepo. Mama alikuwepo. Hata kuku walikuwepo.

Ikafika sikukuu moja ya serikali, na Bwana wa teritwari, yule Mbelgiji mkuu wa ofisi ya Fizi, akakubali kwamba michezo ifanyike Fizi mbele yake, na huo mpira wa fimbo pia autazame. Prezida hakulala wiki nzima. Ruhusa ya federasio ilikuwa inangojea siku hiyo, na kadi yake nayo. Wavulana wangeanza, sisi wasichana tungefuata. Nilikuwa nimesimama kando ya uwanja na shuka yangu nyeupe kiunoni, nazungusha mkono ili upate joto.

Wavulana hawakufika mbali. Bwana wa teritwari alikuwa amekaa kitini, Prezida kando yake akimweleza. Nikaona Bwana ameinama mbele, anamtazama Wilondja. Akamnong'oneza polisi wake, naye polisi akazunguka nyuma ya mrushaji apate kuona vizuri. Ni lazima mkumbuke ilivyokuwa siku zile. Kulikuwa na dini ya siri iliyokatazwa, iliyosemekana kuenea kule migodini, wazungu walisikia habari zake hata katika upepo, na watu wake walisemekana kujuana kwa ishara za mikono. Na hapa kuna kijana mweusi anaonyesha vidole kwa siri, na mwenzake anaitikia kwa kichwa, na fimbo ziko mikononi, na watu mia wanatazama. Filimbi ikapigwa. Wilondja akakamatwa akiwa bado amechuchumaa.

Tulilala kwa ndugu pale Fizi, mama na mimi. Asubuhi nilimpelekea Wilondja chakula. Chumba cha kufungia kilikuwa nyuma ya ofisi, na polisi akaniambia ningoje, kwa maana Bwana alikuwa anahoji. Nikakaa chini ya dirisha la ofisi na sahani yangu mapajani. Dirisha lilikuwa wazi kwa sababu ya joto. Nilimtambua Prezida kwa kikohozi chake.

"Nani alifundisha batu hizi alama?" Bwana akauliza, kwa Kiswahili chake cha kuagizia.

Nikatulia. Nilijua jibu, na nilijua ni rahisi. Kitabu alikuwa nacho, alitembea nacho siku zote. Angekifungua mezani, angeonyesha picha, angesema: ni mi, Bwana, ni sheria za mchezo, tazama. Yaya wangu angetoka kabla chakula hakijapoa.

Halafu nikamsikia, sauti ile ile iliyoniambia "Tena."

"Sijue, Bwana. Mi sikufundisha. Labda huyu kijana alibipata kwa benzake ba kule ku migodi."

Wilondja hakuwahi kufika migodini. Hakuwahi kufika popote. Walimpeleka uhamishoni, katika kambi ya mbali, siku nyingi za lori na mashua kutoka kwetu, na hawakusema ni kwa muda gani. Kabla mwaka haujaisha Prezida alipata kadi yake.

Nilimwambia mama peke yake. Nilitaka twende barazani kwake tukamwaibishe mbele ya mji mzima. Mama alinishika mkono, akanivuta ndani.

"Unyamaze," akasema. "Iko nani mwingine hapa anajua kuandikia bazungu Kifaransa? Iko nani anaingia ku ofisi na mulango ya mbele? Tukimukasirikia, Wilondja atasahauliwa kule. Ni yeye alimufunga, ni yeye atamufungula."

Kwa hiyo tukanyamaza. Mnajua kunyamaza kwa namna ile? Unamletea mtu mikeke, samaki wa ziwa letu, iliyokaushwa vizuri, unapiga goti, unamsalimia "Prezida, habari ya nyumba," na ndani yako unamtemea mate. Kila msimu wa mavuno tulimpelekea mchele, na kila msimu mama alimwomba awaandikie wakubwa kwamba Wilondja ni mchezaji tu. Na kila msimu alitoa jibu lile lile, kwa upole, kama mwalimu anayerudia somo.

"Mama, mi sikatai. Lakini barua ya mi, muntu tu, haina uzito. Federasio ikipata ruhusa, nitaandika kama prezida wa kweli, na mhuri. Tungoje ruhusa."

Nafikiri aliamini. Hilo ndilo linaloniudhi kupita yote. Angekuwa mwongo tu ningemsahau. Lakini alikuwa amejiaminisha kwamba neno la kweli bila mhuri ni kelele, na akakaa juu ya neno lile miaka, na ruhusa haikuja, kwa sababu nani angeruhusu mchezo ambao serikali yenyewe ilikwisha kuufungia mtu? Mimi sikurusha tena. Alinitumia watu mara mbili kuniita mazoezini. Nikawaambia mkono unaniuma.

Mama naye alikuwa na uongo wake. Kila alipopata msafiri wa kwenda upande ule alimtumia Wilondja neno: vumilia mwanangu, Prezida anakuombea, Prezida anaandika, barua zake ziko njiani. Nilimuuliza kwa nini. Akasema mtu aliyefungwa anakula tumaini kabla ya bugali.

Wilondja alirudi mwaka ule wa mwisho kabla ya Uhuru, wakati wazungu wenyewe walikuwa wameanza kufungasha na kuwaachilia watu waliowafunga bila hata kuwaeleza. Hakuna barua iliyomtoa. Alishuka kwenye lori pale sokoni amekonda, meno mawili hayapo, na alikuwa akiinama kidogo kila anapopita mlangoni, hata mlango ukiwa mrefu. Mama alikaa chini sokoni palepale akalia.

Siku ya tatu Prezida alikuja. Alikuwa amezeeka haraka, nywele zote nyeupe, lakini vifungo vilikuwa bado vimefika kooni. Siku hizo vyama vilikuwa vinafunguliwa kama maduka, kila mtu rais wa kitu, na alitueleza, kabla hata hajapewa maji, kwamba amepeleka maombi mapya na safari hii hayatakataliwa. Mama alimletea kiti. Mimi nilibaki nimesimama mlangoni. Nilikuwa nimejiapiza miaka yote kwamba siku Wilondja akirudi nitasema, na sasa mama alikuwa ananitazama kwa macho ya kuniomba ninyamaze.

Wilondja akainuka. Akamwendea Prezida, akainama, akanyoosha mkono wa kulia, wa kushoto umeushika ule wa kulia kwenye kiwiko, jinsi tunavyomheshimu mkubwa.

"Baba Prezida," akasema, "aksanti. Kule niliishi juu ya barua zako. Mama alinitumia habari ya zote. Bila we ningekufa."

Nilimtazama Prezida. Mama naye alimtazama. Palikuwa na nafasi pale ya mtu kusema neno moja, hata bila mhuri. Alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akaivaa. Kisha akaushika mkono wa yaya wangu kwa mikono yake miwili.

"Si kitu, mwanangu," akasema. "Tulifanya yenye tuliweza."

Akanywa maji, akazungumza tena habari za maombi yake, akaaga. Wilondja alimsindikiza mpaka njiani, akasimama kumtazama akiikokota baiskeli. Nami nikamfuata, kwa maana sikuweza tena kunyamaza.

"Yaya," nikamwambia, "hakuna barua. Hakuandika hata moja. Na ile siku kule Fizi, mi nilikuwa chini ya dirisha, nilisikia..."

"Najua," akasema.

Sikuelewa.

"Ofisi na chumba chenye nilifungwa, kati yake ni ukuta ya mbao. Nilimusikia muzuri kuliko we, mudogo wangu. Miaka yote niko najua."

"Sasa ile aksanti ilikuwa ya nini?"

Bado alikuwa anatazama njia. Prezida alikuwa amefika kwenye kona, akapandisha mguu mmoja kwenye baiskeli, kwa taabu.

"Nilitaka kuona kama ataipokea," Wilondja akasema. "Umeona? Aliipokea na mikono mibili."